Siku Moja Alsace, na Barua Niliyoisoma kwa Siri

Mpenzi msomaji, naomba nianze na kosa langu mwenyewe ili usije ukanihurumia bure. Oktoba 2023 nilikwenda Strasbourg, Ufaransa, kumtembelea mke wangu. Siku ya pili tu, yeye akiwa kazini, nikawa natafuta chaja ya simu kwenye droo ya meza yake. Nikakuta barua. Ilikuwa ya Kifaransa, na Kifaransa changu mimi kinaishia kwenye salamu. Lakini si unazijua simu za siku hizi? Nikaielekezea kamera, ikanitafsiria mstari kwa mstari. Mke wangu alikuwa anapewa mkataba wa miaka 3 wa utafiti, asome hadi shahada ya uzamivu. Jibu lilitakiwa kabla mwezi haujaisha.

Nikairudisha barua palepale, nikafunga droo, nikaenda kukaa dirishani kama mtu aliyefiwa.

Turudi nyuma kidogo. Mke wangu ni mfamasia. Septemba 2021 aliondoka Dar kwenda kusoma shahada ya pili, miaka 2. Binti yetu alikuwa na miaka 3. Mimi ni mkadiriaji majenzi, kazi yangu ni kupiga hesabu za saruji na nondo, kwa hiyo hata hili nililipigia hesabu: miezi 24, tutaweza. Mama yangu akatoka Songea akaja kukaa nasi Tabata kumlea mjukuu wake. Miaka 2 ikaisha, ikaongezeka miezi 6 ya mafunzo kazini. Sawa. Ndugu zangu wakaanza maneno yao, "Fimbo ya mbali haiui nyoka." Nikawa nacheka tu. Halafu sasa miaka 3 mingine, na anayeniambia siyo mke wangu, ni droo!

Ungekuwa wewe ungefanyaje? Mimi nilinyamaza. Siku 4 nzima. Akiniuliza kitu, jibu langu "ndiyo", "hapana", au "nimechoka na safari". Usiku tunalala kila mtu ameutazama ukuta wake. Mtu umesafiri saa kibao kumfuata mkeo, halafu unamnunia kwenye kitanda chake!

Jumamosi akaniamsha mapema. "Vaa vizuri, baba. Nimekulipia kitu. Miaka 7 ya ndoa haiji mara 2." Kumbe alikuwa ametukatia nafasi kwenye matembezi ya siku nzima, kwa basi dogo na mwongozaji, kuzunguka miji ya kale ya Alsace na mashamba ya mizabibu. Alilipa kutoka kwenye kile kile kiposho chake. Nikasema asante. Moyoni nikasema, huyu ananilainisha.

Ngome ya Kaisari

Tulikuwa abiria 8. Wazee wawili wa Kanada, mume na mke. Vijana wawili wa Korea waliokuwa fungate, wameshikana mikono muda wote mpaka wanakera. Na akina dada wawili wa Kihispania. Mwongozaji, ambaye ndiye alikuwa dereva, alikuwa mama wa makamo, mzaliwa wa huko huko, ana sauti ya mwalimu wa darasa la kwanza.

Njia tuliyopita inaitwa Njia ya Mvinyo ya Alsace. Ilizinduliwa mwaka 1953 na ina urefu wa kilomita kama 170, kutoka Marlenheim hadi Thann. Kulia kwako ni milima ya Vosges, kushoto ni tambarare inayoteremka mpaka mto Rhine, na ng'ambo ya mto ni Ujerumani. Kati ya milima na tambarare ni mizabibu mitupu, mistari imenyooka utadhani mtu amechana nywele. Oktoba majani yanageuka manjano. Nakwambia ukweli, hata kwa hasira zangu zile, nilishindwa kutotazama.

Kituo cha kwanza kilikuwa ngome ya Haut-Koenigsbourg, juu mlimani, zaidi ya mita 700 kutoka usawa wa bahari. Inatajwa kwenye maandishi tangu karne ya 12. Mwaka 1633, wakati wa Vita vya Miaka Thelathini, Waswidi waliizingira wakaichoma, ikakaa magofu kwa zaidi ya miaka 200. Aliyeijenga upya ni Kaisari Wilhelm wa Pili wa Ujerumani, kati ya mwaka 1900 na 1908.

Hapo nikashtuka. Kaisari wa Ujerumani kwenye ardhi ya Ufaransa? Mwongozaji akatueleza. Mwaka 1871 Ufaransa ilishindwa vita, Alsace ikachukuliwa na Ujerumani. Baada ya Vita Kuu ya Kwanza ikarudi Ufaransa. Mwaka 1940 Hitler akaichukua tena, na kuanzia 1942 vijana wa Alsace kama laki moja wakalazimishwa kuvaa magwanda ya jeshi la Ujerumani. Vita vilipokwisha mwaka 1945 ikawa Ufaransa tena. "Bibi yangu," akasema yule mama, "alizaliwa mwaka 1908 akiwa Mjerumani, akawa Mfaransa, akawa Mjerumani, akafa Mfaransa. Na hakuwahi kuhama jikoni kwake."

Watu wakacheka. Mimi sikucheka, nilikuwa napiga hesabu. Mwaka 1900 hadi 1908! Msomaji, kwetu ni Songea. Vita vya Majimaji vilianza mwaka 1905, na Februari 1906 viongozi wa Wangoni walinyongwa na Wajerumani palepale Songea. Nenda makumbusho ya Majimaji utaona majina yao. Yaani wakati mafundi wanapandisha mawe haya, wakipamba kuta na meno ya moto ya majiko ya vigae, watawala waliotumwa na Kaisari huyo huyo walikuwa wanachoma mashamba ya chakula ya babu zetu mpaka njaa ikaua watu wengi kuliko risasi.

Nikajikuta nimemwambia mwongozaji kwa Kiingereza changu cha saiti, kwamba sisi nasi tulikuwa chini ya bwana huyo huyo, na sisi nasi tulitolewa kwake baada ya vita ile ile. Na kwamba mpaka leo mtoto wangu anakwenda "shule" kwa sababu ya Schule yao, na ada nalipa kwa "hela" kwa sababu ya Heller, ile sarafu yao ya Afrika Mashariki. Mama yule akasimama kabisa. Akanishika mkono. "Basi sisi ni majirani," akasema.

Mke wangu alinitazama. Ilikuwa mara ya kwanza tangu nitue Ufaransa kuongea na mtu bila yeye kunitafsiria.

Nyumba za kukandika

Tukateremka Riquewihr. Kamji kenyewe kadogo, unakazunguka kwa miguu kwa muda mfupi tu, kamezungushiwa ukuta, na kwenye lango la juu kuna mnara unaoitwa Dolder uliojengwa mwaka 1291. Nyumba nyingi ni za karne ya 16, zimepakwa rangi za peremende: njano, bluu, waridi.

Akina dada wa Kihispania wanapiga picha za maua, mimi nagonga kuta. Ugonjwa wa kazi huo. Kumbe zile nyumba ni fremu za magogo ya mbao, na katikati ya magogo wamejaza fito, udongo na majani makavu, halafu wakapiga lipu juu. Jamani! Hiyo si ndiyo nyumba yetu ya kukandika? Bibi yangu mzaa mama aliishi kwenye nyumba kama hiyo, tukawa tunaona haya kuleta wageni. Hapa watu wanapanda ndege kuja kuitazama.

Mwongozaji akanionyesha alama ndogo zilizochongwa kwenye viungo vya magogo. Fundi alikuwa anaandaa fremu yote chini kwanza, anaweka alama kila kiungo, ndipo anaisimamisha. Kwa hiyo zamani nyumba ya namna hiyo iliweza kufunguliwa gogo kwa gogo, ikapakiwa kwenye mkokoteni, na kusimamishwa upya mahali pengine. Nikamtafuta mke wangu nimwambie, maana tukiwa Dar mambo kama haya ndiyo tulikuwa tunazungumza jioni, mimi majengo yangu, yeye dawa zake. Nikamwona amesimama peke yake chini ya mnara, anatazama juu ya paa.

Kulikuwa na tundu kubwa la korongo, limekauka, halina ndege. "Wameshaondoka," akasema. "Wanakwenda Afrika." Mwongozaji akadakia kwamba korongo weupe nusura watoweke Alsace, mwaka 1974 zilibaki jozi 9 tu, ndipo watu wakaanza kuwalea, na sasa ni mamia. Wa hapa wanapita Hispania kwenda Afrika Magharibi. Wa Ulaya Mashariki ndio wanaofuata Nile na kufika mpaka kwetu. Kila mwaka wanarudi tundu lile lile.

"Wenyewe angalau wanarudi," nikasema kwa Kiswahili.

Lilinitoka tu. Mke wangu hakujibu. Akafunga zipu ya jaketi mpaka kidevuni, akatangulia kwenye basi.

Aliyebaki na mtoto

Chakula cha mchana tulikula Kaysersberg. Yeye ndiye aliyeagiza, maana menyu ilikuwa Kifaransa chote: flammekueche, chapati nyembamba kama karatasi iliyopakwa malai, ikanyunyiziwa vitunguu na vipande vya nyama ya nguruwe ya moshi, ikaokwa kwenye tanuri la kuni. Tamu, sitaki kusema uongo. Bili ilipokuja, mhudumu akaiweka mbele yake. Nikaivuta upesi. Nikatoa kadi yangu. Ikakataa. Nikajaribu tena, ikakataa. Mke wangu akatoa noti kimya kimya, akalipa.

Wanaume mnaosoma hapa mtanielewa. Kitu kidogo kabisa, tena wala hakuna aliyenitazama. Lakini nilijihisi kama mtoto aliyeletwa mjini na mama yake.

Hatua chache kutoka pale ndipo ilipo nyumba alimozaliwa Albert Schweitzer, Januari 1875, na kando yake kuna makumbusho yake. Wengine tulimsikia shuleni: mchungaji na mpiga kinanda aliyesomea udaktari ukubwani, na mwaka 1913 akaenda kufungua hospitali Lambaréné, Gabon. Tuzo ya Nobel ya Amani ya mwaka 1952 alipewa yeye. Mwongozaji hakumpamba tu. Alisema pia wapo wengi wanaomkosoa kwa jinsi alivyowaona Waafrika kama wadogo zake wa kuongozwa.

Lakini kilichonigonga mimi ni mkewe. Aliitwa Helene. Alisomea uuguzi, wakaenda Lambaréné pamoja. Vita Kuu ya Kwanza ilipokuja, kwa kuwa walikuwa raia wa Ujerumani kwenye koloni la Ufaransa, wakakamatwa na kupelekwa Ufaransa kama wafungwa. Afya yake ikavurugika. Binti yao alizaliwa mwaka 1919, na Schweitzer aliporudi Gabon mwaka 1924, Helene alibaki Ulaya na mtoto. Miaka ikapita hivyo, baba Afrika, mama na binti Ulaya.

Mzee wa Kanada akasema, "Mtu mkubwa kweli kweli." Nami nikajibu, sauti ikiwa juu kuliko nilivyokusudia: "Na aliyebaki na mtoto, yeye alipewa tuzo gani?"

Pakawa kimya. Mke wangu akageuka akanitazama usoni moja kwa moja. Nikajua amejua.

Kuzunguka Eguisheim

Kituo cha kuonja mvinyo kilikuwa Eguisheim. Tukateremshwa kwenye ghala la chini lenye baridi, mapipa ya mwaloni makubwa kuliko daladala. Mzee mwenye shamba akatupanga mezani. Alsace ni nchi ya mvinyo mweupe, chupa zake ndefu na nyembamba, na jina linaloandikwa kwenye chupa kwa kawaida ni la aina ya zabibu. Tukaonja Riesling, kavu na kali kama limao, Pinot Gris, kisha Gewurztraminer, ambao harufu yake ilinikumbusha waridi na karafuu. Ukitaka kutema kuna ndoo, na hakuna atakayekushangaa.

Mzee akaeleza kwamba milima ya Vosges inazuia mawingu, kwa hiyo Colmar na viunga vyake ni kati ya sehemu zinazopata mvua kidogo Ufaransa. Nikamwambia, hata Dodoma kwetu ni pakavu, na zabibu zinakubali vizuri, tena tunavuna mara 2 kwa mwaka. Akaweka chupa chini. "Mara 2? Mimi nangoja mwaka mzima!" Meza nzima ikacheka, mke wangu akacheka na yeye, na kile kicheko chake nilikuwa sijakisikia ana kwa ana kwa miaka 2.

Mwisho akamimina mvinyo wa rangi ya asali. Huu, alisema, ni wa mavuno ya kuchelewa. Zabibu zinaachwa kwenye mti wiki kadhaa baada ya wengine kumaliza kuvuna, sukari ijikusanye. Tangu mwaka 1984 una sheria yake: unatoka kwenye aina 4 tu za zabibu, na huruhusiwi kuongeza sukari hata kijiko. Hasara yake ni kwamba kadiri unavyongoja, mvua inaweza kuozesha, ndege wanaweza kula, ukakosa vyote.

Mke wangu akaweka glasi chini kabla hajamaliza. "Twende nje. Nina kitu nataka kukwambia tangu ulipofika."

Sasa, Eguisheim umejengwa kwa duara. Mitaa yake inazunguka kiini cha mji kama pete ndani ya pete, nyumba zimebanana, vichochoro vyembamba. Ukianza kutembea usipokata kona unajikuta ulipoanzia. Ndipo tulipozungumzia, tukitembea.

Akasema yote. Mkataba, miaka 3, tarehe ya mwisho. Mimi nikasema, "Najua."

"Unajua nini?"

"Nimeisoma. Kwenye droo."

Akasimama. "Umenisachi?" Nikajaribu kueleza habari ya chaja. "Umesoma barua yangu, halafu siku zote hizi unakula chakula changu umeninunia, nadhani unaumwa!" Nikasema ungeniambia. Akasema ungeniuliza. Tukaipita ile nyumba nyembamba ya kwenye njia panda, ambayo watalii wote wanaipiga picha. Tukaipita tena mara ya pili bado tunarushiana maneno kwa Kiswahili, watu wanatupisha.

Raundi ya pili sauti zikashuka. Akasema, "Kila nikipiga simu nyumbani unanipa ripoti. Ada, gesi, mtoto ana homa, mama miguu inamsumbua. Nikikata nalia. Niliogopa nikikwambia kwa simu utasema ndiyo kwa mdomo, moyo ukatae. Ndiyo maana nilitaka uje, uone, nikwambie macho kwa macho. Nilikuwa naitafuta siku yenyewe."

Nami nikasema kitu ambacho sijawahi kumwambia mtu. "Mimi huko nimechoka. Nasuka nywele za mtoto kwa kutazama video. Watu wananiuliza mkeo anarudi lini kwa sauti ya kunipa pole. Halafu nimekuja hapa, sijui kuagiza hata chai. Nimekuwa mgeni kwa mke wangu."

Akanyamaza kidogo. "Ulipomtaja yule mama kule Kaysersberg, nilijua unajisema wewe." Kisha akasema maneno ambayo nayakumbuka mpaka leo: "Nisipouchukua mkataba nitarudi, lakini naogopa nitakulaumu miaka 20. Nikiuchukua bila ridhaa yako, nitakuwa sina pa kurudi. Sasa niambie wewe, mume wangu, nifanye nini?"

Sikuwa na jibu. Lakini nilimshika mkono, na raundi ya tatu tuliitembea kimya. Siyo kimya kile cha kuutazama ukuta.

Hesabu kwenye daraja

Colmar tulifika jua likiwa linashuka. Mwongozaji akatuachia saa moja na nusu huru. Wakorea wakakimbilia mashua. Sisi tukakaa karibu na daraja pale wanapopaita Venisi Ndogo, mto Lauch unapita chini, nyumba za rangi zimejitazama majini. Nikaomba kalamu. Nyuma ya karatasi ya ratiba nikaanza kufanya kitu ninachokiweza: mchanganuo.

Miaka 3 ni miezi 36. Nauli ya mtu mzima, nauli ya mtoto, mara ngapi kwa mwaka. Posho yake ikikatwa kodi inabaki nini. Mshahara wangu, kodi ya nyumba, ada, dada wa kazi kama mama akirudi Songea. Mke wangu ameinama ananisahihisha tarakimu. Mwisho wa ukurasa nikaandika masharti, yangu na yake. Hatupitishi miezi 6 bila kuonana. Mtoto anakuja kwa mama yake kila likizo ndefu. Simu ya Jumapili marufuku kuzungumzia bili. Bili zina siku yake, Jumatano. Na hakuna barua ya droo. Ikifika, inasomwa siku hiyo hiyo, na wote.

Nikamwambia, "Chukua." Akaniuliza kama ni mdomo au moyo. Nikamjibu kwamba moyo umekubali kama asilimia 60, iliyobaki atanidai. Akasema 60 inatosha kuanzia.

Wakati wa kutoka mjini tukapita nakala ya Sanamu ya Uhuru, mita 12, katikati ya barabara. Bartholdi, aliyeichonga ile ya New York iliyozinduliwa mwaka 1886, alizaliwa Colmar mwaka 1834, na mji wake ukamjengea hii mwaka 2004. Mwongozaji akauliza kwenye kipaza sauti kama wote tumefurahi. Mke wangu alikuwa ameshalala begani kwangu.

Je, imekuwaje?

Nisikudanganye, msomaji. Haikuwa kama filamu. Mwaka wa kwanza wa ule mkataba tuligombana vibaya mara mbili, na mara moja nilivunja sharti la Jumapili kwa kuanza na bili ya maji. Mama alirudi Songea kwa sababu ya miguu, ikabidi nijifunze upya kulea. Lakini Julai 2024 binti alikwenda kwa mama yake, akarudi Septemba anahesabu mpaka 20 kwa Kifaransa na ananisahihisha matamshi. Desemba yake mke wangu akaja Tabata, akasuka nywele za mtoto, nami nikapumzika.

Ndugu zangu bado wanasema fimbo ya mbali haiui nyoka. Siku hizi nawajibu kwamba nyoka wetu hakuwa umbali. Alikuwa kile kimya. Kilikaa nasi chumba kimoja, kitanda kimoja, siku 4, na nusura kituue tukiwa tumelaliana mgongo.

Kama wewe na mwenzako mtapata nafasi ya kufika kule, haya nakushauri. Kaeni Strasbourg au Colmar. Treni kati ya miji hiyo ni kama nusu saa tu. Mkitaka vijiji na mvinyo, chukueni gari dogo lenye mwongozaji, maana ukionja mvinyo usishike usukani. Vuli ndiyo yenye rangi, kiangazi ndicho chenye korongo. Vaeni viatu vya kutembelea, barabara ni za mawe. Kagueni kadi zenu za benki kabla hamjaondoka nyumbani, msije mkaaibika kama mimi. Na kama kuna jambo mnafichana, msilisafirishe. Lisemeni kabla hamjafunga mabegi. Lina uzito, na mtalibeba kila kituo.